Malemba Aliyejiita Dada

Paukwa!

Pakawa!

Pakawa nini?

Pakawa mlima.

Mlimani nini?

Mlimani kengele.

Kengele ikalia?

Ikalia, tukaja!

Basi mmekuja, kaeni. Mwenye mtoto amlaze mapajani. Mwenye kikohozi akohoe sasa hivi amalize, maana nikishaanza sitaki kukatizwa.

Hapo kale, si kale ile ya sungura kusema na fisi kujibu, kale ya juzijuzi tu, babu za babu zetu wakiwa vijana wenye meno yote, palikuwa na mwanamke aliyeitwa Malemba. Alikaa juu milimani, kule ambako ukungu wa asubuhi hushuka mpaka unamkamua ng'ombe usiyemwona. Mumewe aliitwa Mwadime. Walipendana. Shikeni hilo, maana yanakuja mengine yatakayowafanya mlisahau. Walipendana.

Mwaka wa kwanza ukapita, hakuna mtoto. Wa pili ukapita, hakuna. Wa tatu ulipopita, mama mkwe akaanza kuzungumza na kuku. "Wewe kuku," anasema, "shamba huna, nyumba huna, lakini hebu tazama vifaranga vyako!" Anamwambia kuku, Malemba anasikia.

Malemba hakugombana na mtu. Alijifunga nguo yake vizuri, akashuka mpaka nyikani kwa jamaa za mama yake, akarudi na msichana mmoja mcheshi, mwenye mwanya, jina lake Wakesho. Akamsimamisha uani mbele ya mumewe.

"Mwadime, nimekuletea mke."

Mwadime akasema, "Mimi sikuomba."

"Najua hukuomba. Ndiyo maana nimemleta mwenyewe."

Wakesho akazaa msichana, Mkamburi. Akazaa mvulana, Maghanga. Watoto walinyonya kwa Wakesho wakalala kwa Malemba. Wakesho walimwita mama, Malemba walimwita mama mkubwa, na mtoto akijikwaa akaumia, huyo mbio kwa mama mkubwa. Uani pale hapakuwa na kelele ila za watoto. Wanawake wengine wa kijijini, wenye wake wenza wao wa kutupiana vyungu, walikuwa wakipita makusudi kuchungulia, waone kama ni kweli.

Ningefurahi ngano iishie hapo. Na ninyi mngekwenda kulala mkiwa na furaha. Lakini haikuishia hapo.

Wakaja nzige.

Walikuja asubuhi, jua likafunikwa kama mtu aliyetupiwa ngozi usoni. Walipoondoka hapakuwa na jani. Watu wakala mbegu. Mbegu zilipokwisha wakala ngozi za kulalia. Ngozi zilipokwisha wakaanza kuzikana.

Sasa, kwenye kilima cha pili palikuwa na misheni. Mzungu wa kwanza aliyeijenga alikufa kwa homa, na mwaka ule ule wa nzige akaja mwingine, kijana mwembamba mwenye ndevu nyekundu, watu wakamwita Bwana Mchungaji. Hakumjua mtu, na mtu hakumjua. Mimi sitamsingizia. Yule Mzungu aligawa mahindi ya ghala lake mpaka suruali ikawa inamvuka. Alichimba makaburi kwa mikono yake, akazika watu asiowajua hata majina, na alikuwa analia. Nawaambia ili mjue. Msije mkasema nilificha.

Chini ya misheni ulipita mfereji, na chini ya mfereji palikuwa na mashamba yasiyokauka. Wazee walikuwa wamempa Mzungu wa kwanza ardhi ile, wakidhani anaazima. Bwana Mchungaji aliikuta ni ya misheni, akawakatia watu waliobatizwa. Aliyebatizwa alilima penye maji. Asiyebatizwa alilima vumbi.

Malemba hakuanza kwenda kanisani kwa ajili ya shamba. Alikwenda kwa ajili ya nyimbo. Siku moja alipita na kibuyu cha maji kichwani, akasikia sauti za watu zinapanda pamoja, moja juu, moja chini, moja katikati, na hakuna inayomkanyaga mwenzake. Akasimama mlangoni mpaka wimbo ukaisha, shingo inamuuma, hajui. Kesho yake akasimama tena. Siku ya tatu akatua kibuyu, akaingia, akakaa. Nyumbani akawafundisha watoto. Watoto wakamwimbia baba yao. Mwadime naye, aliyekuwa amemzika kaka yake na wapwa zake msimu ule, akaanza kwenda. Mtu aliyezika sana anatafuta pa kuegemea.

Siku moja Mwadime akarudi kutoka misheni, akakaa kwenye kigoda, hata salamu hakutoa.

"Tumekubaliwa kubatizwa," akasema. "Na shamba la mfereji tutapewa. Lakini ipo sheria. Mume mmoja, mke mmoja. Anayebaki ni yule wa kwanza."

Wakesho alikuwa anapepeta. Ungo ukasimama hewani.

Malemba akauliza, "Na Wakesho?"

"Atarudi kwao."

"Kwao wapi? Baba yake amekufa. Kaka yake kule nyikani anakula mizizi."

Mwadime akachora ardhi kwa kijiti.

"Na watoto?"

"Watamfuata mama yao."

Malemba akamtazama Maghanga. Mtoto yule alikuwa bado na miguu ya njaa, miguu ile ya goti kuwa nene kuliko paja. Kumpeleka nyikani na miguu ile ilikuwa ni kumpeleka kaburini, tena kwa kumzungusha.

Mngekuwa ninyi mngefanyaje? Haya, nyamazeni, msinijibu. Sikieni alivyofanya yeye.

Malemba akasema, "Bwana Mchungaji anajua ni nani wa kwanza?"

"Hajui. Hata sura zetu anazichanganya."

"Basi wa kwanza ni Wakesho. Na wa peke yake."

"Na wewe?"

"Mimi ni dada yako. Niliolewa, sikuzaa, nikarudishwa nyumbani. Wanawake kama hao wamejaa."

Wakesho akatupa ungo, akampigia magoti. "Dada, usinifanyie hivyo! Nitakuwa na uso gani?"

"Sikufanyii wewe," Malemba akamwambia. "Inuka, unamwaga mtama."

Akatoka kwenda kuwaomba watu wamtunzie siri. Aliwaendea wanawake wa kisimani, akawaambia, "Jina langu kuanzia leo ni dada yake Mwadime." Wakamtazama, wakaitikia kwa vichwa. Akawaendea wazee, wale wachache waliobaki. Wakanong'ona, wakakubali. Mwisho akamwendea mama mkwe wake, yule wa kuku. Bibi yule alikuwa kitandani, amekwisha. Alimsikiliza mpaka mwisho, akamshika uso kwa mikono yote miwili.

"Basi mimi ni mama yako mzazi," akasema. Akalia. Mwezi ule haukuisha, naye akazikwa.

Siku ya kuulizwa maswali ikafika. Wakasimama mbele ya Bwana Mchungaji, Mwadime katikati, Wakesho na watoto kulia kwake, Malemba kushoto.

"Huyu ni nani wako?"

"Mke wangu."

"Na huyu?"

Malemba akadakia, "Mimi ni dada yake, Bwana."

"Namuuliza yeye."

"Dada yangu," akasema.

Wakabatizwa wote. Mwadime akaitwa Danieli, Wakesho akaitwa Elisabeti, Malemba akaitwa Marta. Sisi hapa tutawaita kwa majina yetu tuliyowazoea. Wakapewa shamba chini ya mfereji. Wakapanda, wakavuna. Miguu ya Maghanga ikanenepa, mtoto akaanza kukimbia na mbuzi. Malemba alikuwa akikaa mlangoni kwake anamwangalia anavyokimbia. Alisema moyoni, nimelipata nililolitaka. Akalisema tena. Hata mara ya tatu alilisema.

Walikuwa wamekubaliana neno hilo la dada litakuwa la kanisani tu. Wakitoka, kila mtu arudi alivyokuwa. Kwanza Mwadime akalisema kanisani, kama walivyopatana. Halafu akalisema shambani, watu walipokuwa wanapita njiani. Malemba akaona ni sawa, ni hadhari. Halafu siku moja wakiwa jikoni, mlango umefungwa, mvua inanyesha, hakuna mtu ila wao wawili na moto, Mwadime akasema, "Dada, nipe maji."

Malemba akampa maji. Maji yakamwagikia motoni, moshi ukajaa. Wote wawili wakafikicha macho, na kila mmoja akashukuru kwamba kuna moshi.

Tangu hapo Mwadime hakuingia tena nyumbani kwa Malemba. Aliogopa dhambi. Alikuwa ameamini kweli, msidhani anaigiza. Alisali kwa jasho.

Kikaja kingine. Mkamburi alipelekwa shule ya misheni. Akarudi siku moja amefurahi, akasimama mbele ya Malemba, akakunja mikono kama walivyofundishwa.

"Shikamoo, shangazi."

Malemba akasema, "Umesemaje?"

"Shangazi. Leo tumejifunza majina ya watu wa nyumbani. Mimi nikasema nina mama mkubwa. Mwalimu akauliza, mama mkubwa ni nani wa baba yako? Nikasema ni dada yake, kama mlivyotuambia. Mwalimu akasema basi huyo siye mama mkubwa, huyo ni shangazi."

"Mwalimu amesema kweli," Malemba akajibu. "Marahaba, mwanangu."

Maghanga alikuwa mdogo, akaiga. Shangazi, shangazi, shangazi. Uani kutwa ni shangazi. Wakesho alikuwa akiwafinya watoto mapaja wanyamaze, wao wasijue wanafinyiwa nini.

Mwalimu mwenyewe aliitwa Elieza. Alitoka misheni nyingine, mbali, nchi ya watu wengine. Alikuwa mjane, mtu wa haki, mpole, hana neno baya na mtu. Laiti angekuwa mtu mbaya! Nawaambieni, laiti ningekuwa na mtu mbaya katika ngano hii nimtupie mawe.

Bwana Mchungaji akataka kumpeleka Elieza mlima wa mbali akafungue shule. Mwalimu hawezi kwenda huko bila mke, wakasema. Na Elieza alikuwa amesikia sauti ya Malemba kanisani. Basi wakaja wote wawili, wakakaribishwa, wakakaa, wakamwambia Mwadime, "Wewe ndiwe kaka yake. Tumekuja kumposa Marta."

Malemba alikuwa jikoni akisikia. Hakuogopa, hata alitabasamu. Kila siku kaka wanakataa wachumba. Ni kusema tu, dada yangu haolewi, basi, wageni wanaondoka. Akanyamaza amsikie mumewe anavyokataa.

Mwadime akasema, "Nipeni nafasi nifikiri."

Wageni walipoondoka, Malemba akatoka jikoni na mwiko mkononi.

"Baba Mkamburi, unafikiri nini?"

Mwadime hakumtazama. "Elieza ni mtu mwema."

"Nimekuuliza unafikiri nini."

"Atakutunza."

"Mwadime! Nani alinitoa kwetu? Nani alinibeba mgongoni mto ulipofurika? Niangalie uniambie unafikiri nini!"

Ndipo Mwadime akamtazama, na macho yake yalikuwa ya mtu asiyelala.

"Nimechoka, Malemba. Nikisali, nakuona wewe. Nikila chakula cha Bwana, nakuona wewe. Kila ukipita uani hapo, naona uongo wangu unatembea kwa miguu miwili. Ukienda, labda nitapumua."

Malemba akaweka mwiko chini taratibu, kama kitu cha kuvunjika.

Wakesho aliposikia, alikuja na mzigo wake umekwisha kufungwa. "Dada, naondoka leo. Nitamwambia Mzungu kila kitu, naondoka na wanangu."

"Uende nao wapi?"

"Popote."

"Popote hapaliki," Malemba akasema. "Njaa imekwisha hapa tu, kwa sababu ya mfereji. Kule chini watu bado wanakufa. Fungua mzigo."

"Basi kataa! Sema humtaki!"

"Nilimwachia yeye aseme."

Mwadime akakubali.

Sasa, kanisani kulikuwa na desturi. Ndoa ilitangazwa Jumapili tatu, na kila Jumapili Bwana Mchungaji aliuliza, "Yuko mtu anayejua sababu ya kuzuia ndoa hii? Na aseme."

Jumapili ya kwanza akauliza. Kanisa lilijaa, na kila mtu alijua. Wanawake wa kisimani walijua, wazee walijua. Ukasikia watu wanavyopumua. Mwadime akatazama vidole vya miguu yake. Hakusema.

Jumapili ya pili akauliza. Wakesho akaanza kuinuka. Malemba aliyekuwa nyuma yake akaishika nguo yake, akaivuta chini, akaishikilia hapo mpaka wimbo ukaanza. Mwadime aliona. Hakusema.

Jumapili ya tatu akauliza. Safari hii Malemba akageuka pale alipokaa, akamtazama mumewe mbele ya watu wote, wazi kabisa, bila haya. Mwadime akafungua kinywa. Kanisa zima likainama kidogo mbele. Mwadime akakohoa. Kinywa kikafungwa. Hakusema.

Kimya kile Malemba alikiomba yeye mwenyewe, nyumba kwa nyumba. Walimpa. Nao walikitunza.

Siku ya harusi Bwana Mchungaji akauliza, "Ni nani anayemtoa mwanamke huyu?"

"Mimi," Mwadime akasema, "kaka yake."

Akaushika mkono wa mkewe, akauweka katika mkono wa Elieza. Watu wakaimba sauti tatu, moja juu, moja chini, moja katikati. Malemba, mwimbaji wao, hakuimba. Tangu siku ile hakuimba tena.

Wakaondoka asubuhi ile ile, wachukuzi mbele, wao nyuma. Watoto wakamsindikiza mpaka kwenye mfereji. Maghanga akapiga kelele, "Shangazi, utarudi lini?" Malemba akainua mkono bila kugeuka.

Jua lilipofika utosini wakapumzika penye kijito, karibu na nyumba za watu wa nchi ya chini. Elieza akamchotea maji kwa jani.

"Mama," akasema kwa adabu, "naona una huzuni. Kama hukutaka, niambie. Mimi si mtu wa kumlazimisha mtu."

Na Malemba alikuwa amekaza moyo toka siku ya nzige. Lakini upole ule ukamfungua. Angepigwa, angenyamaza. Kwa maji ya kwenye jani akashindwa.

"Mimi ni mke wa mtu," akasema. Akamwambia yote.

Elieza akakaa chini kwenye majani.

"Basi mimi nimemchukua mke wa mtu," akasema. "Mbele ya Mungu. Na kwa kinywa changu mwenyewe nikawafundisha watoto wale neno la kukuita."

"Nakusihi usiseme. Twende tu. Nitakupikia, nitakufulia, tukae kama watu wanaokaa."

"Siwezi, mama. Nikikaa kimya, kesho nitawafundishaje watoto wa watu wasiseme uongo?"

Malemba akamshika nguo. Akampigia magoti, yeye ambaye hakuwahi kumpigia mtu magoti. "Elieza, kuna watoto wawili. Ukisema kweli, unawatoa nyumbani. Una sikio? Watoto wawili!"

Elieza analia, anamfungua vidole kimoja kimoja, polepole, asimuumize. "Bwana Mchungaji ana huruma," akasema. "Nitamwomba. Atapata njia." Akamwacha kwa wenyeji wa kijito, akarudi mlimani akikimbia.

Na kweli alimwomba. Na kweli Bwana Mchungaji alikuwa na huruma. Walisema alijifungia chumbani kutwa nzima. Lakini alipotoka, sheria ilikuwa ile ile. Akawaita watu, akasema, "Mke wa kwanza ni Malemba. Huyo ndiye mke. Ndoa hizi nyingine si ndoa." Akampa Wakesho mahindi ya njiani, na blanketi, na baraka. Akamshika mkono akamwambia, "Nisamehe." Wakesho akamjibu, "Nikusamehe nini, Bwana? Wewe hata hunijui."

Ujumbe ukamfikia Malemba kule kijitoni: Rudi kwa mumeo.

Akarudi mbio. Alikimbia mlima ule kama msichana. Alipofika kwenye mfereji akaita, "Mkamburi! Maghanga!" Alipofika kwenye migomba akaita. Alipofika uani akaita.

Mwadime alikuwa amekaa kwenye kigoda. Akasema, "Wamekwenda juzi."

"Ukawaacha waende?"

"Wakesho hakutaka niwasindikize. Alisema nimesindikiza vya kutosha."

Malemba hakutua hata mzigo. Aligeuka, akashuka mlima. Alikwenda nyikani kwa kaka yake Wakesho. Akakuta nyumba imeanguka na nyasi zimeota jikoni. Akauliza, akaambiwa mtu yule alihama toka mwaka wa nzige.

Akaenda mpaka penye kisima cha barabarani, pale misafara inaponywesha. Akauliza. Mchunga ng'ombe akasema, "Nilimwona mwanamke mwenye mwanya, na watoto wawili. Mdogo alikuwa amebebwa."

"Amebebwa amelala, au amebebwa anaumwa?"

"Mama, mtoto aliyebebwa ni aliyebebwa. Sikuuliza."

Akaenda mpaka kwenye shamba la katani, lile lililo kando ya reli. Akauliza wanawake waliokuwa wanaanika. Mmoja akasema, "Yupo aliyefika hapa na msichana."

"Na mvulana?"

"Mvulana sikumwona. Alikuwa na msichana. Wakakaa kidogo, wakapanda gari moshi."

"Kwenda wapi?"

Yule mwanamke akanyoosha mkono upande huu wa reli, akanyoosha upande wa pili. "Linakwenda kote," akasema.

Malemba akasimama relini. Akatazama huku. Akatazama kule. Halafu akarudi mlimani, maana hakujua pengine pa kwenda.

Elieza alikwisha kuondoka peke yake kwenda kwenye shule yake ya mbali, na wanasema kila Jumapili alisali kwa ajili yao, kila Jumapili mpaka uzee.

Mwadime akamuuliza Malemba, "Umewaona?"

"Hapana."

Hayo ndiyo maneno yao ya mwaka ule. Walikuwa wameachiwa shamba, maana sasa walikuwa na sheria upande wao. Mvua ikanyesha vizuri. Mahindi yakastawi kuliko ya mtu yeyote, ghala likajaa mpaka mlango haufungi, na walaji wawili. Malemba alipika, Mwadime akala. Malemba alifagia, uwanja ukabaki umefagiwa mpaka kesho yake, hakuna mguu wa kuuchafua. Mwadime hakumwita tena dada. Hakumwita kitu.

Miaka michache ikapita. Bwana Mchungaji akapata wageni kutoka kwao, watu wakubwa wa kanisa lao, wamekuja kuona kazi yake. Akawatembeza nyumba kwa nyumba. Akawaleta na pale, maana hapakuwa na nyumba safi kama ile kilima kizima. Kati yao palikuwa na mama mmoja wa Kizungu, mzee, mwenye kofia ya majani. Akatazama uani. Akamwona mume amekaa upande huu, mke amekaa upande ule, wanawapukuchulia wageni mahindi. Akasema jambo kwa lugha yake, macho yamemlowa.

Bwana Mchungaji akatafsiri. "Anasema hajapata kuona nyumba yenye amani kama hii."

Mwadime akainama juu ya gunzi lake.

Malemba akasimama kwa heshima, akapangusa mikono.

"Mwambie tunashukuru," akasema.

Ngano yangu imekatikia hapo. Ingekuwa tamu ningewagawia, kila mtu akaenda na chake nyumbani. Hii ni chungu, niachieni mwenyewe. Ila ukipita njia ya reli, ukakutana na bibi mwenye mwanya, muulize mtoto mdogo alikwenda wapi. Mimi walionihadithia hawakujua.

Paukwa imelala.

Pakawa imelala.

Na sisi je?

Sisi tuko macho.